Kalenda ya ulimwengu wa fantasia: anza na hitilafu yake, majina ya miezi yatakuja yenyewe

Mhesabu Nyota

Wakuu, salaam.

Nimepitia rasimu kadhaa za riwaya za fantasia zinazoletwa hapa kukosolewa, na karibu zote zina ule ukurasa wa mwanzo wenye orodha ya miezi: Mwezi wa Barafu, Mwezi wa Mbwamwitu, Mwezi wa Damu, mpaka kumi na miwili itimie. Kila mwezi siku 30, wiki siku saba, kila siku na mungu wake. Baada ya hapo kalenda haionekani tena. Ukiifuta, hakuna sura hata moja itakayotetereka.

Naona tunaanzia pabaya. Anga haigawanyiki kwa namba kamili. Siku, mwezi na mwaka ni vitu vitatu ambavyo havikuwahi kukaa kikao vikubaliane, kwa hiyo kila kalenda ina deni mahali fulani, na lazima awepo mtu mwenye mamlaka ya kusema deni hilo linalipwa lini na nani. Ukishampata mtu huyo, ukampa cheo na maadui, umeshapata riwaya. Majina ya miezi utayapata jioni moja tu.

Tutazame kwanza dunia yetu, maana imeshafanya vituko ambavyo mwandishi akivibuni ataambiwa ametia chumvi.

Mwaka wa jua una siku 365.2422. Mwezi, tangu kuandama hadi kuandama tena, siku 29.53. Zidisha mara 12 unapata siku 354 na ushei, pungufu ya mwaka kwa karibu siku 11. Kila jamii ilibidi ichague imkosee nani. Kalenda ya Kiislamu imeshikamana na mwezi na kuyaacha majira, ndiyo maana Ramadhani huyazunguka majira yote kwa takriban miaka 33. Kalenda ya Gregori imeshikamana na jua, na miezi yake haina habari na mwezi ulioko juu. Wayahudi wameng'ang'ania vyote viwili na wanalipa kwa miezi 7 ya nyongeza katika kila miaka 19.

Ila utamu uko Roma. Kabla ya Julius Caesar, mwezi wa nyongeza ulikuwa mikononi mwa makuhani, na makuhani hao walikuwa wanasiasa. Ukitaka rafiki yako akae madarakani kidogo zaidi, unaongeza mwezi. Ukitaka adui atoke upesi, unasahau. Kalenda ikaachana na majira kiasi kwamba kuirudisha kulihitaji mwaka mmoja, 46 KK, uwe na siku 445. Caesar akaweka mwaka mrefu (wa siku 366) kila baada ya miaka minne, akauawa 44 KK, na makuhani waliobaki wakaielewa amri vibaya, wakaongeza siku kila mwaka wa tatu. Augusto, mrithi wa Caesar, ndiye aliyekuja kusimamisha miaka mirefu kwa muda ili mambo yakae sawa. Fikiria: dola inayotawala nusu ya ulimwengu inaoujua, halafu inakosea kuhesabu mpaka nne.

Hata ile kalenda ya Caesar ilikuwa na tone la sumu ndani yake. Ilichukua mwaka kuwa siku 365.25, yaani ilizidisha kama dakika 11. Dakika 11 ni nini? Ni siku nzima kila miaka 128. Kufikia 1582 kosa, likihesabiwa tangu mwaka 325 ambao Kanisa liliutumia kupangia Pasaka, lilikuwa siku 10, na Papa Gregori XIII akaamuru Alhamisi ya tarehe 4 Oktoba ifuatwe na Ijumaa ya tarehe 15. Uingereza ikagoma mpaka 1752, Urusi mpaka 1918. Kwa karne kadhaa msafiri wa Ulaya alivuka mpaka akajikuta amerudi nyuma siku kumi au zaidi, na hapakuwa na mchawi yeyote aliyehusika.

Nashusha sehemu ya pili, msinikatishe.

---

Mhesabu Nyota

Sasa tujenge moja. Ulimwengu huu nauita Mirende. Namba ni za kubuni lakini hesabu ni halali, chukua kalamu unihakiki.

Mwaka wa Mirende ni siku 340.4. Mwezi wake, tangu kuandama hadi kuandama, ni siku 26.1. Miezi 13 inakupa siku 339.3. Kila mwaka unabaki nyuma ya jua kwa siku 1.1.

Siku 1.1 si kitu, watu wanaipuuza. Lakini ikikusanywa miaka 24 inakuwa siku 26.4, yaani mwezi mzima na chenji kidogo. Kwa hiyo watu wa Mirende wanaongeza mwezi wa 14 mara moja tu kila baada ya miaka 24. Wanauita Msazo.

Hapo ndipo nilipoacha hesabu kwa siku kadhaa nikaanza kuandika, kwa sababu angalia kilichojitokeza. Mtu wa kawaida anauona Msazo mara mbili au tatu maishani. Aliyezaliwa ndani ya Msazo anasubiri miaka 24 kuiona tena tarehe yake. Mikataba yote ya kodi imeandikwa "miezi kumi na mitatu kwa mwaka", sasa huu wa kumi na nne analipa nani? Mfungwa aliyehukumiwa miaka mitano anakaa mwezi mmoja zaidi kwa kosa gani? Akifa tajiri katikati ya Msazo, mirathi inahesabiwa mwaka upi? Sikubuni hata moja kati ya hayo, yametoka kwenye kutoa na kuzidisha.

Nikajiwekea sharti moja: sheria ya Msazo iwe moja tu, fupi, na watu waigombanie wenyewe. Sheria inasema: "Katika Msazo deni halizai." Basi. Wakopeshaji wanasema maana yake riba inasimama lakini deni liko palepale. Wadaiwa wanasema hakuna kudaiwa kabisa. Wahuni wa mjini wanasema hata ahadi ya ndoa ni deni.

Sasa njoo kwenye kosa. Miaka 24 ya jua ni siku 8,169.6. Miezi 313, yaani 24 mara 13 kujumlisha Msazo, ni siku 8,169.3. Duru hii ya miaka 24 inawahi jua kwa siku 0.3. Inakuwa siku moja kila miaka 80. Mtu anazaliwa, anazeeka, anazikwa, kalenda imesogea siku moja. Nani atagundua?

Pale Mirende kuna mto mkubwa unaovukwa kwa miguu maji yakipungua, mwezi wa nane. Kwa kuwa ndani ya duru tarehe zinatembea (mwaka wa 1 maji hupungua tarehe 1 ya mwezi huo, mwaka wa 24 tarehe 26), wazee walichonga jiwe lenye mistari 24, mstari mmoja kwa kila mwaka wa duru, likasimamishwa ukingoni. Unasoma mstari wa mwaka wako, unajua siku ya kuvuka. Mahujaji wanatoka mbali wamebeba watoto mabegani, na kuvuka kwa miguu ni sehemu ya nadhiri yao.

Jiwe lilichongwa miaka 800 iliyopita. Siku kumi. Mahujaji wanafika tarehe ya jiwe, maji bado yako kifuani.

---

Kijumbe

Mkuu umeshusha nondo. Nimeweka kambi hapa.

Maswali mawili. Moja, hawa watu hawana desimali, 26.1 wameipata wapi? Pili, miaka 800 mahujaji wanaloa kifua na hakuna aliyeuliza?

---

Mhesabu Nyota

Swali la kwanza ni jepesi kuliko linavyoonekana. Hakuna mtu Mirende anayesema "26.1". Wanasema miezi kumi ina siku 261: tisa za siku 26, na mmoja umeongezwa siku. Wanasema miaka mitano ina siku 1,702. Unapima kitu kirefu ili kosa la kupima ligawanyike. Ukipima mwaka mmoja kwa kivuli cha mti uliosimikwa, unaweza kukosea siku nzima. Ukiwa na kumbukumbu ya babu wa babu yako, miaka 100 nyuma, kosa lilelile la siku moja linagawanywa kwa 100. Hipparchus, Mgiriki wa karne ya 2 KK, aliufikisha mwaka kwenye siku 365 na robo, toa sehemu moja ya 300 ya siku. Hakuwa na darubini wala saa ya betri. Alikuwa na vipimo vya watu waliomtangulia, na subira.

Kwa hiyo kama ulimwengu wako una kalenda nzuri, lazima uwe na watu waliotunza kumbukumbu muda mrefu bila kuchomewa maktaba. Na kama maktaba ilichomwa, kalenda iwe mbovu. Hivi viwili vinakwenda pamoja, usivitenganishe.

Swali la pili nalipenda zaidi. Kwanza, mto hauna nidhamu. Mwaka huu mvua imechelewa, mwaka ule imewahi, maji yanapungua mapema au baadaye kwa siku kadhaa. Kosa la siku moja kwa miaka 80 linajificha humo kwa karne mbili au tatu bila shida.

Pili, wapo wanaojua. Wavushaji. Wenye mitumbwi wanakaa mtoni mwaka mzima, wanajua maji kuliko kuhani yeyote. Wameshajua tangu enzi za mababu kwamba jiwe linawahi. Lakini mahujaji wakifika wakakuta maji kifuani, mwenye mtoto mgongoni anafanya nini? Anaita mtumbwi. Zile siku kumi ndizo msimu wa wavushaji. Kijana wa mvushaji akifikisha umri anaelezwa siri mbili: mkondo ulipo, na kwamba jiwe ni bovu, funga mdomo.

Kuna Nyumba ya Hesabu pia, wale wanaotunza duru. Kurekebisha kosa ni kazi ya siku moja ya mchonga mawe, unasogeza kila mstari siku kumi mbele. Ila Nyumba ya Hesabu haina jeshi wala ardhi, ina jiwe tu. Ikikiri jiwe lilikosea, kesho asubuhi itaulizwa na Msazo nao je.

---

Bibi Kalamu

Mleta mada, heshima kwako, lakini mimi ni msomaji kwanza. Nikifungua riwaya nikakutana na 8,169.3 naifunga. Watu wengi wanaojenga ulimwengu hujenga ili waoneshe wamejenga.

---

Mhesabu Nyota

Bibi, shikamoo. Tuko pamoja kabisa. Namba zinabaki kwenye daftari la mwandishi. Msomaji anapewa mtu ambaye namba zimemkuta. Nakuwekea kipande kutoka kwenye rasimu yangu, uniambie kama umeona hesabu:

*Mwenye nyumba alikuja siku ya pili ya Msazo, akasimama mlangoni mikono nyuma.*

*"Mwezi umeandama," alisema.*

*"Tumeuona, baba." Nasha hakuacha kupeta.*

*"Basi?"*

*"Basi nini? Mkataba wangu una miezi kumi na mitatu. Huu wa leo mkaulizane na Nyumba ya Hesabu."*

*Mzee akainua macho kwenye paa. Kwenye pembe ya kulia lilikuwa linavuja tangu mwezi wa nne, na chini yake palikuwa na chungu kilichojaa nusu. Akakitazama kile chungu, akamtazama Nasha, akaondoka bila kuongeza neno.*

Msomaji hapo amejua kuna mwezi usio wa kawaida, kuna mgogoro wa kodi, kuna taasisi inayotunza kalenda, na huyu mama si wa kuchezewa. Hakuambiwa mwaka una siku ngapi.

---

Bibi Kalamu

Marahaba. Hapo sawa. Lakini chungu ndicho kilichonishika, si Msazo. Ungekuwa mwezi wa kawaida na kodi ya kawaida ningefurahi vilevile.

---

Mhesabu Nyota

Ungefurahi, ila huyo mzee asingeondoka. Katika mwezi wa kawaida ana haki yake, angekaa hapo mlangoni mpaka jioni.

---

Mzamiaji

Mimi ulimwengu wangu una miezi miwili angani. Mmoja mwekundu mkubwa wa mbali unaozunguka kwa siku 9, mwingine mdogo wa karibu wa siku 31. Nataka siku yote miwili ikipevuka pamoja milango ya kuzimu ifunguke. Nipe tarehe.

---

Mhesabu Nyota

Kabla ya tarehe, umeipindua anga. Wa karibu ndio unaokwenda haraka, wa mbali unajikokota. Kepler, mwanafalaki Mjerumani, aliiweka sheria hiyo 1619: mraba wa muda wa kuzunguka unakwenda sambamba na mchemraba wa umbali. Hakuna mwezi wa mbali wenye siku 9 na wa karibu wenye siku 31 kwenye sayari moja, labda useme wazi kwamba uchawi ndio unaousukuma, na hapo lazima awepo mtu ndani ya hadithi anayeshangaa. Wanajimu wako waione kasoro hiyo kabla ya wasomaji.

Nakupa namba nyepesi. Wa karibu siku 26, wa mbali siku 40. Umbali wa huyo wa pili unatoka kama mara 1.33 ya wa kwanza, si ajabu hata kidogo. Ikipevuka yote miwili usiku wa leo, itapevuka pamoja tena baada ya siku 520: wa karibu umezunguka mara 20, wa mbali mara 13. Hiyo ndiyo siku ya milango yako.

Lakini utaikosa raha kama utaishia hapo. Angalia siku ya 260, katikati kabisa. Wa karibu umemaliza mizunguko 10, umepevuka. Wa mbali umefanya sita na nusu, umefichika. Miezi yote miwili na jua viko mstari mmoja, kwa hiyo bahari inatoa bamvua (maji kujaa na kupwa kupita kawaida) kubwa kama ile ya siku ya milango, lakini juu kuna mwezi mmoja tu. Watu wa bara wanaotazama anga wataona usiku wa kawaida. Watu wa pwani wanaotazama maji watajua kuna kitu. Una makabila mawili yenye kalenda mbili, na moja kati yake inajua tarehe ambayo nyingine haijui kama ipo. Ningekuwa wewe, milango ningeifungua siku hiyo ya 260 huku mji mzima ukiwa umejiandaa kwa ile nyingine.

---

Mzamiaji

Aisee. Naichukua. Ila mwekundu lazima uwe wa haraka, nimeshaandika sura kumi na nne.

---

Tembo Mzee

Kitu ambacho waandishi wanakisahau ni umri. Mirende mwaka una siku 340.4. Shujaa wako ana miaka 16? Kwa miaka yetu hajatimiza 15. Mzee wa miaka 90 wa kwao ana kama 84 kwetu. Kwa Mirende tofauti inavumilika, lakini nimesoma mahali mwaka una siku 600 na msichana wa miaka 18 anaolewa. Huyo kwetu ana karibu 30. Na mimba je? Siku 280 za binadamu Mirende zinaingia mwezi wa kumi na moja. Wakunga wao hawawezi kusema "miezi tisa".

---

Mhesabu Nyota

Tembo Mzee umenisaidia kazi. Nyongeza tu: ukiona mwaka wa ulimwengu wako unakuletea taabu ya umri, waache watu wasihesabu umri kwa miaka. Mirende vijijini umri unatajwa kwa Msazo. "Mtoto wa baada ya Msazo." "Ameona Msazo mbili." Mhakiki wa vyeti mjini anataka mwaka kamili, mwanakijiji hana, wanagombana dirishani.

---

Kijumbe

Na wiki? Umeiruka kabisa.

---

Mhesabu Nyota

Wiki haitoki angani, kwa hiyo iko huru zaidi kuliko vyote. Ni mpango wa watu kuhusu soko, ibada na kupumzika. Warumi walikuwa na mzunguko wa soko wa siku 8, Waigbo wana wiki ya soko ya siku 4, Java kuna ya siku 5 inayokwenda bega kwa bega na ile ya siku saba. Kwa hiyo jiulize watu wako wanakutana kila baada ya muda gani kununua na kuuza, na bidhaa yao inaoza baada ya siku ngapi. Wavuvi hawawezi kuwa na soko kila siku ya kumi.

Ukitaka mgogoro, mpe mtawala wazo la kuibadilisha. Ufaransa wakati wa mapinduzi ilianzisha kalenda mpya 1793: miezi 12 ya siku 30, kila mwezi wiki tatu za siku 10, siku tano au sita zimebaki mwishoni. Kwenye karatasi ni maridadi sana. Kwa mfanyakazi maana yake ni siku moja ya kupumzika katika kumi badala ya moja katika saba. Napoleon akaifuta kuanzia tarehe 1 Januari 1806. Umoja wa Kisovyeti nao ulijaribu 1929 kwa wiki ya siku 5, wafanyakazi wamegawanywa makundi, kila kundi na siku yake ya mapumziko, ili mashine zisizimwe. Mume anapumzika leo, mke keshokutwa. Wakahamia siku 6 mwaka 1931, na 1940 wakairudia wiki ya siku saba. Mtu anayetaka kuandika himaya yenye ukatili wa kimya kimya, asihangaike na minara ya mifupa, aanzie hapo.

---

Radi Kavu

Mnajichosha. Ni fantasia. Miungu imeumba mwaka wa siku 360 kamili, miezi 12 ya siku 30, kila kitu kinakaa. Nani kasema anga ya kubuni lazima iwe na desimali?

---

Bibi Kalamu

Mwanangu, nilikuwa upande wako mpaka nilipokumbuka Wamisri. Wao kalenda yao ilikuwa 360 na siku tano juu, na hizo tano ziliwasumbua mpaka zikapata hekaya. Plutarch, mwandishi Mgiriki wa kale, anaisimulia: mungu wa kike wa mbingu alilaaniwa asizae katika mwezi wowote wala mwaka wowote. Mungu wa hekima, aliyempenda, akaenda kucheza kamari na Mwezi, akamshinda, akachukua kipande cha mwanga wake, akakitengenezea siku tano zisizo za mwezi wowote. Humo ndimo walimozaliwa miungu kama Osiris, Seth na Isis.

Sasa wewe wa 360 kamili, hekaya yako itatoka wapi? Hakuna mwanya wa mtu kupenya.

---

Mhesabu Nyota

Bibi amemaliza. Mimi namwongezea Radi Kavu njia moja ya kuitetea 360 yake: iwe kamili kweli, kwa maelfu ya miaka, kila mtu aijue kuwa ni kamili. Halafu siku moja, baada ya siku ya 360, jua lichomoze na nyota ya mwaka mpya isiwepo. Siku ya 361. Haina jina, haina mungu, sheria haiitambui. Soko lifunguliwe au lisifunguliwe? Mtoto aliyezaliwa asubuhi hiyo aandikwe wapi? Ukamilifu unafaa ukivunjwa, na sura ya kwanza ndiyo mahali pake.

---

Radi Kavu

Hiyo naiba.

---

Kijumbe

Langu la mwisho. Sayari yangu haina mwezi kabisa, na mhimili wake haujainama, kwa hiyo hakuna majira. Jangwa mwaka mzima. Kalenda itatoka wapi?

---

Mhesabu Nyota

Hii ni ngumu kweli, na ndiyo iliyonifurahisha kuliko zote humu. Majira yanaletwa na kuinama kwa mhimili (dunia yetu imeinama kama nyuzi 23.4), kwa hiyo umejinyima jua kama kipimo. Kivuli cha adhuhuri ni kilekile kila siku. Mkulima wako hana sababu ya kujua mwaka ni nini.

Zimebaki nyota. Sayari inazunguka jua, kwa hiyo nyota zinazoonekana kabla ya mapambazuko zinabadilika, na nyota fulani angavu itapotea kwenye mwanga wa jua kisha ichomoze tena alfajiri moja. Wamisri walifanya hivyo kwa nyota ya Sirius. Kuchomoza kwake kuliangukia majira ya mafuriko ya Nile, lakini kalenda yao ya serikali ilikuwa siku 365 kavu, bila mwaka mrefu, ikawa inasogea siku moja kila miaka minne dhidi ya nyota. Ilihitaji miaka 1,460 kuzunguka na kurudi palepale. Ptolemaio III alitoa amri 238 KK iongezwe siku ya sita juu ya zile tano kila mwaka wa nne, na amri yenyewe ikachongwa kwenye mawe. Haikufuatwa.

Kwako wewe nyota haiambatani na kitu chochote cha chini. Hakuna mafuriko, hakuna mavuno. Kwa hiyo watakaojali mwaka ni wachache tu, wale wanaoamka alfajiri kutazama. Msafara wa jangwani unaosafiri usiku utawahitaji. Wengine wote wataishi kwa mzunguko mwingine usiohusu anga. Wamaya walikuwa na mzunguko wa siku 260 uliokwenda sambamba na ule wa siku 365, na miwili hiyo ilikutana kila baada ya miaka 52. Wape watu wako wa visimani mzunguko wao: siku ambazo kisima huchukua kujaa tena baada ya kukaushwa, tuseme 17. Kila kisima na namba yake. Mtu akisema "nitakulipa baada ya maji matatu", lazima aulizwe maji ya kisima kipi. Na mwenye kisima kinachojaa polepole ana kalenda ndefu kuliko jirani yake, kwa hiyo kila deni analodai atalitaka lihesabiwe kwa kisima cha mwenzake.

Jenga kutoka hapo, utuletee sura ya kwanza tuikosoe.

Mzamiaji, jedwali lako la bamvua nitaliweka kesho usiku. Ni 26 na 40, na wa mbali ndio wa polepole. Hizo sura kumi na nne utazirudia tu, ndugu yangu.